«Njo vile Mungu alipenda»: vita vyetu na swali la mpango wa Mungu

Jumapili tarehe 15 Januari 2023, kule Kasindi karibu na mpaka wa Uganda, waumini wa kanisa la CEPAC walikuwa wamekusanyika kwa ibada ya ubatizo. Bomu likalipuka katikati yao. Zaidi ya watu 10 walikufa, makumi wakajeruhiwa, na kundi linalojiita Dola la Kiislamu likatangaza kwamba ni kazi yake. Jeshi letu lilitaja ADF. Siku ile nilikuwa pamoja na mzee mmoja wa kanisa, mtu aliyeomba miaka mingi kuliko mimi. Simu ilipoleta habari alinyamaza kwa kitambo, kisha akasema: «Njo vile Mungu alipenda.»

Tangu hapo nimekuwa nikilisikiliza neno hilo kila linapopita. Nililisikia Goma ilipochukuliwa mwisho wa Januari 2025, na Bukavu ilipofuata katikati ya Februari. Nililisikia tena baada ya usiku wa kuamkia tarehe 27 Julai 2025, watu zaidi ya 40 walipouawa kule Komanda, Ituri, wengi wao wakiwa wamekesha kwa maombi katika parokia ya Kikatoliki. Kwenye matanga linasemwa na mama aliyefiwa, linarudiwa na mwenye kuhubiri, na kabla ya jeneza kufika makaburini limekwisha kuwa fundisho.

Simlaumu mama huyo. Mfa maji haachi kutapatapa, na aliyefiwa hushika neno lolote linaloelea. Akisema Mungu alipenda, mara nyingi anachosema ni kwamba mtoto wake hakuanguka nje ya mikono ya Mungu. Hiyo ni imani ya kweli, na sisi wachungaji tusimnyang'anye. Shida inaanza pale neno la kilio linapogeuka kuwa jibu la swali lingine, ambalo mama hakuliuliza: nani alifanya jambo hili, na kwa nini aliweza kulifanya?

Neno linapotoka matangani

Neno hilo linatembea. Linaingia katika mikutano ya wazee, katika mahubiri, katika mazungumzo ya kwenye pikipiki. Kijana akiuliza kwa nini mshahara wa askari waliokuwa mstari wa mbele uliliwa njiani, anaambiwa asichokonoe, mambo yote yamepangwa. Akiuliza nani anatajirika kwa koltani, anaambiwa dunia hii ni ya Shetani na mwisho umekaribia. Majibu haya mawili yanaonekana kupingana, kwa kuwa moja linampa Mungu kazi yote na lingine linampa Shetani kazi yote. Lakini yanafika mahali pamoja: hakuna mwanadamu aliyefanya kitu.

Tazama mfano wa Rubaya, katika Masisi. M23 iliichukua mwaka 2024. Mwishoni mwa mwaka huo wataalamu wa Umoja wa Mataifa walikadiria kwamba tani 120 hivi za koltani zilikuwa zikisafirishwa kila mwezi kutoka huko kwenda Rwanda, na kwamba kodi iliyokusanywa na kundi hilo ilifika dola 800,000 hivi kwa mwezi. Kiasi kama hicho kinahitaji mizani, daftari, lori, dereva, mpaka unaofunguliwa, na mnunuzi anayejua kutouliza maswali. Kila mmoja wa watu hao aliamka asubuhi na kuchagua kwenda kazini. Na upande wetu, tukiwa wakweli, kuna waliouza mafuta ya jeshi, kuna waliohesabu askari wasiokuwepo ili wapokee mshahara wao, kuna wabunge na wakubwa waliolipa vikundi vya vijana kule vijijini kwa ajili ya kura. Hakuna mstari wa Biblia unaosema kwamba hao walisukumwa na mkono wasioweza kuukataa.

Jambo hili si la darasani tu, maana sasa nchi iko katika mazungumzo. Tarehe 27 Juni 2025 mawaziri wa mambo ya nje wa Kongo na Rwanda walisaini mkataba Washington. Marais wakausaini tarehe 4 Desemba, na siku chache baadaye Uvira ikaanguka. Kule Doha, serikali na AFC/M23 walisaini mfumo wa mkataba tarehe 15 Novemba 2025, wenye itifaki kadhaa ambazo nyingi zilikuwa bado kujadiliwa, pamoja na ile ya ukweli, haki na upatanisho. Maana yake ni kwamba watu fulani watakaa mezani na kuamua kama waliofanya maovu wataitwa kwa majina yao au la. Kanisa linalofundisha kwamba vita vilipangwa mbinguni limekwisha kutoa msamaha wa jumla kabla halijaombwa na mtu yeyote. Wanasiasa wanalijua hilo. Ndiyo sababu wengi wao, wa pande zote, wanapenda sana kumtaja Mungu wakipewa kipaza sauti kanisani.

Pilato na mnara wa Siloamu

Bwana wetu aliletewa habari ya namna hii hii. Katika Luka 13 watu wanamwambia juu ya Wagalilaya ambao Pilato aliwaua wakati wakitoa dhabihu. Waliuawa wakiabudu, kama wale wa Kasindi. Naye Yesu, bila kuombwa, anaongeza habari ya pili: watu 18 walioangukiwa na mnara kule Siloamu. Moja ni kazi ya mkono wa mtu, nyingine ni ajali. Anaziweka pamoja, na juu ya zote mbili anakataa hesabu ile ambayo wasikilizaji walikuwa nayo kichwani, kwamba waliokufa walikuwa na dhambi kubwa kuliko wengine. Halafu anageuza swali kutoka kwa wafu na kulielekeza kwa walio hai: ninyi mtageuka lini?

Mtu anaweza kusema: lakini hapo hamlaumu Pilato hata kidogo. Ni kweli, hapo hasemi kitu juu yake. Ila Kanisa halikumsahau. Katika ungamo la imani la Mitume, ambalo makanisa yetu mengi hulisema kwa pamoja, hakuna mwanadamu anayetajwa kwa jina isipokuwa Bwana Yesu mwenyewe, mama yake, na Pontio Pilato. Nilikariri maneno hayo nikiwa mtoto bila kujiuliza gavana yule anafanya nini humo. Anafanya kazi ya tarehe. Mateso ya Bwana yalitokea mahali fulani, chini ya utawala wa mtu fulani aliyenawa mikono yake na bado jina lake likaandikwa.

Mitume walifanya hivyo hivyo. Soma sala ya waumini katika Matendo 4:27-28. Wanasema kwamba Herode na Pilato, pamoja na mataifa na watu wa Israeli, walikusanyika juu ya Yesu, na papo hapo wanasema kwamba yaliyotokea ndiyo yale ambayo mkono wa Mungu ulikuwa umeyaamua tangu mbele. Mambo yote mawili yako katika sala moja. Petro naye siku ya Pentekoste, Matendo 2:23, anataja shauri la Mungu na mara hiyo hiyo anawaambia wasikilizaji kwamba wao ndio waliomwua kwa mikono ya waovu. Wakachomwa mioyo, wakauliza wafanye nini. Petro hakuwajibu kwamba wapumzike kwa sababu yote yalipangwa. Alisema tubuni.

Hapo ndipo ninapoona tofauti kubwa kati ya Maandiko na matanga yetu. Maandiko yanatamka mpango wa Mungu pamoja na majina ya waliofanya. Sisi tunatamka mpango wa Mungu mahali pa majina.

Askofu aliyekufa mji ukiwa umezingirwa

Fundisho la kuchaguliwa tangu awali, kama tulivyolipokea katika makanisa ya Magharibi, limepitia sana mikononi mwa mtu mmoja, naye alikuwa Mwafrika: Augustino, askofu wa Hipo, mji ambao leo unaitwa Annaba, katika Algeria. Tunamsoma kama mtu wa vitabu, lakini maisha yake yangeeleweka vizuri na mkaaji yeyote wa Goma. Mwaka 410 mji wa Roma ulitekwa na kuporwa na Wagothi wa Alariki, na wakimbizi wakavuka bahari kuja Afrika. Augustino aliwaona na kuwahubiria. Swali lao lilikuwa: Mungu alikuwa wapi? Kitabu chake kikubwa juu ya Mji wa Mungu alikianza kwa sababu hiyo mnamo 413, na kikamchukua miaka 13 hivi. Naye akafa tarehe 28 Agosti 430, Wavandali wakiwa wameuzingira mji wake mwenyewe.

Katika sehemu ya kwanza ya kitabu hicho kuna jambo ambalo sijasikia likihubiriwa kwetu, na ningetamani lihubiriwe. Wanawake wengi walibakwa Roma ilipotekwa. Wengine walijiua kwa aibu. Wapagani waliwacheka Wakristo kwa ajili yao, na hata waumini walijiuliza kama wanawake hao bado ni safi. Augustino anajibu kwa kutumia fundisho lake juu ya hiari. Dhambi inakaa katika kukubali kwa moyo. Ambako moyo haukukubali, hakuna dhambi, na utakatifu wa mwili haupotei kwa nguvu za mtu mwingine. Dhambi yote ni ya aliyetenda. Kwa nchi yetu, ambako Hospitali ya Panzi, ya CEPAC hiyo hiyo iliyopigwa bomu Kasindi, imewatibu makumi ya maelfu ya wanawake tangu 1999, fundisho hilo lina uzito kuliko mabishano mengi ya chuo. Kuna makanisa yetu ambayo bado yanamweka mwanamke aliyebakwa pembeni ya Meza ya Bwana «mpaka mambo yake yaeleweke». Yaeleweke nini? Augustino alikwisha kuyaeleza miaka 1,600 iliyopita.

Lakini siwezi kumfuata mpaka mwisho. Kurasa chache mbele anaanza kutafuta kwa nini Mungu aliruhusu jambo hilo, na anasema labda baadhi ya wanawake hao walikuwa na kiburi kilichofichika juu ya usafi wao, nacho kikahitaji kunyenyekezwa. Hapa naona mtu mwenye akili kubwa akifanya kosa la marafiki wa Ayubu. Alikuwa amekwisha kumwondolea mwanamke mzigo, kisha kwa haja ya kueleza kila kitu akamrudishia kipande. Wakati mwingine mwalimu mzuri ni yule anayejua aishie wapi.

Augustino alikutana pia na swali letu lenyewe. Mnamo 426 watawa wa Hadrumetum, katika Tunisia ya leo, walisoma maandiko yake juu ya neema wakagawanyika. Baadhi yao walisema: kama kila kitu kinatoka kwa Mungu, basi mkubwa wetu asitukemee tukikosa, atuombee tu. Ni maneno tunayoyasikia leo karibu neno kwa neno, tena kutoka kwa watu wenye vyeo: mchungaji, kazi yako ni kutuombea, siasa tuachie. Yeye aliyetetea neema kuliko wote hakukubali. Aliwaandikia vitabu viwili kuonyesha kwamba neema haiondoi hiari, na kwamba kukemea ni mojawapo ya njia ambazo Mungu anazitumia kumgeuza mtu. Kutokukemea kwa kisingizio cha mpango wa Mungu ni kumnyima mwenye dhambi dawa ambayo Mungu aliiweka.

Baadaye, mwaka 529, maaskofu waliokutana Orange, kusini mwa Ufaransa ya leo, walishikilia neema ya Augustino, lakini wakaweka mpaka mmoja wazi: anayesema kwamba Mungu kwa uwezo wake aliwapanga watu fulani watende uovu, huyo wanamkana. Mwamini akisema kwetu kwamba Mungu alimpangia muuaji kuua, anasema jambo ambalo hata wakubwa wa fundisho la uchaguzi walilikataa.

Chini ya paa moja

Sisi Waprotestanti wa Kongo tuna hali ya pekee. Katika Kanisa la Kristo katika Kongo wamo Wapresbiteri, Wamethodisti, Wabatisti, Waanglikana, Wapentekoste walioletewa Injili na Waswidi na Wanorwe, na wengine wengi. Kule Ulaya mababa wa jumuiya hizi waligombana vikali juu ya uchaguzi wa Mungu. Sinodi ya Dordrecht ya 1618 na 1619 iliwahukumu wafuasi wa Arminius, na wahubiri wao wengi wakafukuzwa nchini. Wesley, mwaka 1739, alihubiri kwa ukali juu ya neema iliyo huru kwa watu wote, na urafiki wake na Whitefield ukatikisika. Kwetu wajukuu wa pande hizo wanaimba katika kwaya moja ya umoja, na wengi hawajui kwamba walipaswa kuwa wamekosana. Sioni haja ya kuwakumbusha.

Ila ni vizuri wajue jambo moja ambalo wapinzani hao walikubaliana. Calvin, ambaye wengi wanamtaja kama baba wa «yote yamepangwa», alikuwa mkimbizi, Mfaransa aliyekimbilia nje ya nchi yake na kuishi Geneva, na wengi wa waliomsikiliza walikuwa wakimbizi pia. Kwao kuchaguliwa na Mungu kulimaanisha kwamba mfalme anayekuchoma moto hana neno la mwisho juu yako. Lakini Calvin huyo huyo aliandika kwamba mwuaji hawezi kujificha nyuma ya Mungu. Mfano wake ni wa maiti iliyoachwa juani: harufu mbaya inaamshwa na joto la jua, lakini hakuna mtu anayesema kwamba miale ya jua inanuka. Na aliandika pia kwamba Mungu aliyeweka mpaka wa maisha yetu ndiye aliyetupa akili ya kujilinda, dawa na tahadhari, na kuzipuuza ni kumkataa yeye. Mfuasi wa Wesley angesema «amina» hapo bila kusita.

Je, hiari ya mwanadamu inajibu kila kitu? Wengi wa wahubiri wetu vijana, wakichoka na «Mungu alipenda», wanakimbilia huko: Mungu alitupa uhuru, tumeutumia vibaya, basi. Kuna ukweli, Kumbukumbu la Torati 30 inaweka uzima na mauti mbele ya watu ili wachague. Lakini mtoto aliyeuawa Komanda hakuchagua. Uhuru wa mwenye bunduki ulilipwa kwa uhuru wa mtoto, na mama ana haki ya kuuliza kwa nini Mungu aliheshimu ule wa kwanza na hakulinda ule wa pili. Sina jibu la kumpa mama huyo, na nimeacha kulitafuta wakati nimesimama mbele ya jeneza. Zaburi zina malalamiko mengi yasiyojibiwa, na Mungu aliyaacha yabaki katika kitabu chake.

Nani ana ruhusa ya kusema kama Yosefu

Mstari unaotumiwa kuliko yote ni Mwanzo 50:20, Yosefu anapowaambia ndugu zake kwamba wao walikusudia mabaya lakini Mungu alikusudia mema. Ni neno la ajabu, na nalipenda. Lakini angalia nani analisema, na lini. Analisema aliyetupwa shimoni. Analisema baada ya miaka mingi, njaa imepita, watu wameokoka, na yeye mwenyewe amelia mara kadhaa. Ndugu zake hawakulisema wakati wanahesabu vipande 20 vya fedha. Kama Yuda angesimama pale kando ya shimo akasema «tulieni, Mungu ana mpango mwema», tungemwita mnafiki. Tena Yosefu anapolisema hafuti sehemu ya kwanza: ninyi mlikusudia mabaya. Kabla ya hapo aliwajaribu muda mrefu, na Yuda akajitoa mwenyewe badala ya Benyamini. Kulikuwa na toba iliyoonekana.

Leo nasikia neno la Yosefu likisemwa na ndugu walio kando ya shimo. Mtu wa kikundi chenye silaha anasema Mungu amemleta kuwakomboa. Mkubwa wa serikali anasema Mungu ana sababu na taifa hili. Mgeni kutoka mbali anasema mateso yametufanya watu wenye imani ya ajabu. Kwa anayejiita fimbo ya Mungu, asome Isaya 10 mpaka mwisho. Ashuru iliitwa fimbo kweli, kisha Mungu akaihukumu fimbo hiyo kwa sababu ya yaliyokuwa moyoni mwake.

Maji na moto

Kuna maovu ambayo hayana mwenye bunduki. Tarehe 4 Mei 2023, Alhamisi ya soko, mito ilishuka juu ya Bushushu na Nyamukubi, katika Kalehe, na watu zaidi ya 400 walikufa. Tarehe 22 Mei 2021 Nyiragongo ililipuka jioni bila onyo. Hapa mtu anaweza kusema kwa haki zaidi kwamba jambo limetoka mkononi mwa Mungu, maana hakuna Pilato. Mimi mwenyewe nilihubiri hivyo Jumapili iliyofuata mlipuko.

Baadaye ikajulikana kwamba kituo cha kuchunguza volkano cha Goma kilikuwa kimekaa miezi kadhaa, kuanzia Oktoba 2020, bila fedha za kulipia intaneti, na kwa hiyo bila kupokea habari za vyombo vilivyokuwa mlimani. Moto ni wa Mungu. Deni la intaneti si la Mungu. Siku hizi, kabla ya kuhubiri juu ya msiba, ninauliza kwanza maswali ya kawaida: nyumba zilijengwa wapi, nani aliuza viwanja, miti ya juu ya kijiji ilikatwa lini. Mnara wa Siloamu nao ulikuwa na fundi.

Kwa manabii wetu nitasema kidogo tu, maana wanajulikana. Kila mkesha wa 31 Desemba kuna anayetangaza mwezi ambao vita vitaisha, na sadaka ya kinabii inapita. Mwezi unafika, vita havijaisha, na anayelaumiwa ni mwamini ambaye «hakushika ahadi». Yeremia 18 inaonyesha kwamba hata neno la kweli la Mungu juu ya taifa linategemea kama taifa litageuka. Nabii anayetoa tarehe bila kutaja dhambi yoyote ya mtu yeyote mwenye nguvu, huyo hajasoma sura hiyo.

Daftari

Mwezi Oktoba 2010 Umoja wa Mataifa ulitoa ile ripoti inayoitwa Mapping, yenye matukio 617 makubwa ya ukatili yaliyotokea nchini kwetu kati ya 1993 na 2003. Karibu hakuna aliyehukumiwa kwa hayo. Mtu asisome hapo na kusema kuandika hakufai kitu. Bila kurasa zile, leo tungekuwa na uvumi tu, na kila kabila lingekuwa na uvumi wake. Mwanzoni mwa 2025 viongozi wa ECC na wa Kanisa Katoliki walipoanza pamoja kazi ya mapatano ya kijamii kwa ajili ya amani, walizunguka kwa watu wengi, hata wale ambao serikali haikutaka waonane nao. Waliulizwa kwa ukali kwa nini. Ni swali halali. Lakini wazungumzaji wa amani wakifika mahali, kitu cha kwanza wanachohitaji kutoka kwa kanisa la mtaa ni kumbukumbu iliyo sahihi: nani alikufa, wapi, lini, nani aliona.

Katika kanisa letu tumeanza daftari. Si la kubandika ukutani, hasa siku hizi, na nakala yake haikai katika nyumba ya mchungaji. Kila familia inayozika inaulizwa kwa upole, siku kadhaa baada ya matanga, na wasiotaka hawalazimishwi. Anayeandika ni yule mzee wa siku ya Kasindi, kwa kuwa ana mwandiko mzuri na watu wanamwamini. Ukurasa wa kwanza alichora safu: jina, umri, tarehe, mahali, sababu ya kifo. Katika safu ya mwisho, kwa majina matatu ya kwanza, aliandika «Mungu».

Tulikaa naye jioni nzima juu ya neno hilo. Hakupenda kulifuta. Alisema akilifuta atakuwa amesema kwamba Mungu hakuwepo. Tulisoma pamoja Matendo 4, mara mbili, na akasimama pale penye jina la Herode. Mwishowe hakufuta kitu. Alichukua rula akachora safu nyingine, kando ya ile, nayo kwa majina mawili imejazwa «risasi» na kwa moja «kuhara, kambini». Kwenye matanga bado anasema neno lake. Juma lililopita aliniomba daftari kubwa zaidi, kwa sababu anataka safu moja tena, ya mtu aliyetoa amri, na kwenye ukurasa nafasi imekwisha.